Barua ya wazi kwa wasimamizi wa utangazaji na sanaa: mwiteni mchoraji kwenye chumba cha kuhariri

Waheshimiwa mnaosimamia utangazaji, waheshimiwa mnaosimamia sanaa, na nyinyi wakuu wa vituo vya televisheni, vikubwa kwa vidogo,

Shikamooni. Mlio rika langu, poleni na kazi.

Nawaandikia kutoka Kirumba, Mwanza. Mimi ni mchoraji. Nachora mitumbwi pale Mwaloni, kwenye soko la samaki, nachora kuta za saluni na maduka, naandika mbao za vibanda umiza, vile vya kulipia kutazama mpira, na nikipata nafasi jioni nachora picha zangu mwenyewe kwenye silingibodi kwa rangi ya mafuta. Nina ombi moja, na nalitaja mapema ili mwenye haraka asilazimike kufika mwisho: kila mnapoamua kuonyesha uchoraji, uchongaji au ususi kwenye televisheni, mtu wa fani hiyo awepo pale inapoamuliwa kazi ionekane vipi. Simaanishi kuhojiwa. Awepo taa zinapopangwa, awepo kamera inapotafutiwa mahali, awepo mhariri anapokata picha. Kwa sasa tunaitwa siku ya kurekodi, tunasimamishwa mbele ya kazi zetu, tunaulizwa "changamoto mnazokutana nazo ni zipi", basi. Yaliyobaki tunayaona kwenye kioo kama mtu mwingine yeyote, tukiwa tumekaa sebuleni kwa jirani.

Wengi, hata ndani ya vituo, hudhani kamera ni dirisha: ukiielekeza kwenye mchoro, mtazamaji wa Sengerema au Magu ameuona mchoro. Anachokiona ni mchoro wa pili, ambao mitambo imeuchora juu ya ule wa kwanza, na huo wa pili una kanuni zake za rangi, za mstari na za muda. Kanuni hizo sisi hatukuzitunga, na hakuna anayetueleza.

Nianze na rangi, maana ndiko ninakoumia zaidi. Rangi ilipoingia kwenye televisheni kule Marekani miaka ya 1950, ilibidi ipenyezwe ndani ya masafa yaliyokwisha kupimwa kwa ajili ya picha nyeusi na nyeupe, ili wenye seti za zamani nao waendelee kuona. Mafundi wakautumia udhaifu wa jicho la binadamu. Jicho ni kali kwenye mwanga na kivuli; kwenye rangi ni legelege. Basi mwangaza wakaupeleka wote, rangi wakaipunja. Dijitali ilipokuja haikuiacha desturi hiyo: katika matangazo ya kawaida, nukta nne za mwangaza hugawana nukta moja ya rangi.

Kwa uso wa mtangazaji hilo halina madhara. Kwa mtumbwi wa Mwaloni ni balaa. Sisi huandika jina la chombo kwa nyekundu juu ya kijani, rangi zinazotofautiana sana lakini mwangaza wake unakaribiana. Ukisimama pale mchangani rangi hizo zinagombana, na ugomvi huo ndio tunaoutafuta. Jina linakurukia hata chombo kikiwa bado mbali. Likipita kwenye televisheni, ukingo wa herufi unavuja. Nyekundu inaingia kwenye kijani, kijani kinaingia kwenye nyekundu, na pale zinapokutana panakuwa tope. Tajiri mwenye chombo akiona hivyo kwenye taarifa ya habari anadhani fundi wake alikuwa amelewa.

Wenzetu wa mtindo wa Tingatinga wanapona kidogo. Edward Saidi Tingatinga alichora Dar es Salaam kwa rangi za kupakia baiskeli, juu ya hadibodi, akafariki mwaka 1972, miaka 22 kabla Tanzania Bara haijapata kituo chake cha kwanza cha televisheni. Zanzibar walitangulia Bara, tena kwa rangi, lakini nao baada ya kifo chake, na sidhani kama Tingatinga alikuwa na habari na kamera yoyote. Hata hivyo zile kingo nyeusi na vitone vyeusi kwa vyeupe ambavyo wafuasi wake wameviendeleza ni mambo ya mwanga na giza, na mwanga na giza ndicho kitu ambacho televisheni hukipeleka bila kupunja. Ndege mwekundu juu ya jani la kijani, akizungushiwa mstari mweusi, anafika Musoma akiwa mzima. Vijana wa hapa mjini wamekwisha kuligundua hilo wenyewe, na sasa naona wanazungushia mstari mweusi hata pale usipotakiwa, kwenye wingu, kwenye moshi, kwenye shavu la mtoto. Ukimuuliza kijana kwa nini, anakujibu, "Bila hivyo, mzee, haitoki."

Si jambo geni katika fani hii. Matangazo ya mwanzo kabisa ya London, mwanzoni mwa miaka ya 1930, yalikuwa na picha ya mistari 30 tu, na wachezaji walilazimika kupakwa uso mweupe na midomo ya bluu iliyokoza ili mtambo uweze kuwaona. Mtambo ukishindwa kumwona mtu alivyo, mtu ndiye hubadilishwa. Pale London angalau kulikuwa na mpakaji aliyejua mtambo unataka nini. Sisi tunapapasa.

Halafu kuna kung'aa. Rangi ya mafuta inang'aa, ndiyo sifa yake, na maji ya ziwa hayaiingii. Mpiga picha akiwasha taa yake juu ya kamera, nusu ya mchoro inageuka kioo cha kuitazamia taa. Dawa yake ni ya kale na haigharimu kitu: taa mbili, moja kila upande, zimelazwa kwa nyuzi 45, kamera katikati. Nilimweleza kijana mmoja aliyekuja kurekodi. Alinisikiliza kwa heshima zote, akasema muda hautoshi, akawasha taa yake ileile.

Kuhusu mstari nitasema kwa ufupi. Mfumo tulioanza nao enzi za TV za chogo, PAL, una mistari 625 na picha 25 kwa sekunde, na kila picha hurushwa nusu kwa nusu: kwanza mistari ya witiri, kisha ya shufwa. Mstari mwembamba uliolala, ukiangukia kwenye nusu moja tu, unawaka na kuzimika mara 25 kila sekunde. Kurusha huku kwa nusunusu hakukufa na chogo. Hata baadhi ya matangazo ya HD yanakutumia. Ndiyo maana watangazaji hukatazwa kuvaa mashati yenye mistari ya karibukaribu. Kikapu cha Kisukuma kilichosukwa kwa mistari ya namna hiyo hakina wa kukikataza. Kinapelekwa hewani hivyohivyo, kinametameta na kuota mawimbi ambayo msusi hakuyasuka.

Na sasa ziwa. Hapa naomba mnivumilie.

Zamani tulikuwa na chenga. Mtu mmoja ndani anatazama, mwingine juu ya paa anazungusha antena, wa tatu mlangoni anapokezana kelele: "Hapo! Rudi kidogo! Imepotea!" Mitambo ya analojia ilipozimwa hapa Mwanza mwaka 2013 tukanunua ving'amuzi, chenga zikaisha, na mimi nilikuwa miongoni mwa walioshangilia. Lakini dijitali ina namna yake ya kubana. Masafa yaliyokuwa yanabeba kituo kimoja sasa yanaweza kubeba zaidi ya kumi, na vituo hivyo vinaenea kwa sababu picha nzima haipelekwi kila mara. Inapelekwa picha moja kamili, halafu kwa muda yanafuata mabadiliko tu: nini kimesogea, kimesogea kwenda wapi. Mtangazaji aliyekaa mezani, kinachosogea ni midomo na mikono. Ukuta wa nyuma ukishapelekwa umepelekwa.

Ziwa Victoria halina ukuta wa nyuma. Upepo wa mchana ukianza kuvuma kutoka majini, kila inchi inabadilika kwa wakati mmoja, tena haihami kutoka hapa kwenda pale kwa namna ambayo mtambo unaweza kuifuata. Inawaka, inazimika, inavunjika, inawaka penginepo. Mtambo unazidiwa, unaanza kukadiria. Itazameni tena picha yoyote ya Jiwe la Bismarck, lile jabali la majini hapa Mwanza, iliyorushwa siku ya upepo. Jiwe limetulia, kila ufa unauona, hata kinyesi cha ndege kile cheupe kinaonekana vizuri. Maji yaliyo chini yake yamekatika vipande vya mraba, vingine vya kijivu kitupu, na vinaruka vyote kwa pamoja kila picha kamili inapoingia.

Mtu wa Dodoma asiyewahi kufika huku anaamini ameliona ziwa.

Mimi ninayelichora ninalijua tatizo hili kwa upande wangu. Maji hayachoreki kwa kuyafuata. Unachagua mawimbi machache, unayapa mgongo na kivuli, mengine unayaacha jicho la mtazamaji liyamalizie. Mtambo nao unachagua. Ila mimi nachagua nikiwa nimelitazama ziwa, wakati mtambo unachagua kwa kuhesabu nafasi iliyobaki kwenye masafa baada ya vituo vingine kuchukua chao. Nafasi hiyo haikushuka kutoka mbinguni. Kuna mtu ofisini ameigawa, kituo fulani kipate kiasi gani, kipindi fulani kiende kwa ubora gani. Mpira wa Simba na Yanga unapewa nafasi ya kutosha, maana majani nayo yakikatika vipande watu watapiga simu. Kipindi cha sanaa kinapewa mabaki. Mtu huyo wa kugawa ndiye ninayetaka kukaa naye hata saa moja.

Kuna na suala la muda. Mchoro ukutani hauondoki. Anayeondoka ni mtazamaji, na anaondoka akitaka. Televisheni imeugeuza utaratibu huo. Inaogopa kitu kilichotulia, kwa hiyo mchoro uliochukua wiki nzima unapewa sekunde chache, na hata hizo chache kamera haiachi kuuteleza, kuuvuta karibu, kuurudisha, huku muziki ukipiga juu yake. Ukubwa nao unapotea. Kipande cha silingibodi cha ukubwa wa daftari na ukuta wa ghorofa mbili, vyote vinatoka kwenye kioo cha inchi 32 vikiwa sawasawa, kwa sababu hakuna aliyefikiria kumsimamisha mtu kando yake.

Yote hayo yanarekebishika na fundi mwenye nia. La Bujora ni gumu zaidi.

Mnapafahamu Bujora, pale Kisesa, ukitokea mjini kwa barabara ya Musoma. Padri David Clement alianzisha parokia pale miaka ya 1950, na makumbusho ya Wasukuma yakakua ndani ya uwanja huohuo. Jengo moja lina umbo la kiti cha enzi cha mtemi. Kila mwaka, kwenye mwezi wa Juni, ndipo Bulabo, mashindano ya ngoma za Wasukuma, inapochezwa, Bagika kwa Bagalu. Makundi mawili yanacheza kwa wakati mmoja, kila moja upande wake wa uwanja, na mshindi ni yule aliyevuta watu wengi zaidi. Watu wanahama. Unakuta uwanja umejaa kwa Bagalu, mara kishindo kinatokea ng'ambo, mbio, akina mama na watoto mgongoni wanavuka, na Bagalu wanabaki wanachezea vumbi mpaka wabuni jipya.

Naomba hapa mfikiri kama wachoraji, kidogo tu. Vitu vyote vya macho vinavyotokea pale vimetengenezwa kwa ajili ya mtu aliyekupa mgongo. Kinyago cha mbao kinachonyanyuliwa juu ya vichwa, chatu mzima mabegani mwa mtu, majembe ya ngoma ya Bugobogobo yanayorushwa angani na kudakwa kwa pamoja: vyote vinamlenga yule aliye upande wa wapinzani, anayetakiwa ageuke. Urefu wa kinyago unatokana na hilo. Ukali wa rangi ya chokaa mwilini unatokana na hilo. Hata kurusha jembe juu kiasi kile kunatokana na hilo, maana chini haonekani mtu kwa wingi wa watu.

Kamera inakuja moja. Inawekwa karibu na hema la wageni waalikwa, kwa kuwa pale pana kivuli na umeme. Kuanzia hapo mtazamaji wa nyumbani hana la kuamua. Hawezi kugeuka, hawezi kuvuka. Kishindo cha ng'ambo anakisikia, hakioni. Mpiga picha amekwisha kumpigia kura, na pengine hajui kama kuna kura.

Wachezaji wao wamejua. Nimeona siku hizi manju, kiongozi wa ngoma, akiitambua kamera analigeuza kundi zima kuielekea. Duara linafunguka upande mmoja, watu wanajipanga mstari, sura mbele, kama wanapiga picha ya shule. Kinyago kilichokuwa kinabebwa juu kabisa kinashushwa ili kiingie kwenye fremu pamoja na uso wa aliyekibeba. Nimeona na pande zote mbili zikigombea kusogea karibu na hema, jambo ambalo lingewashangaza wazee, maana mbinu ilikuwa kukaa mbali na mpinzani ili umpokonye watu. Hakuna aliyewaamuru. Kamera imewaamuru kwa kusimama tu pale iliposimama. Siwalaumu, mimi mwenyewe ningegeuka. Nasema tu kwamba mnaporekodi "utamaduni wetu" kwa namna hii, mnarekodi kitu ambacho kimeanza kutengenezwa na nyinyi.

Wakati mwingine, tena, jibu sahihi ni kuacha kurekodi. Bayeye, chama cha Wasukuma cha watu wa nyoka, walikuwa na nyumba zao ambazo kuta za ndani zilichorwa kwa nyeupe, nyeusi na wekundu wa udongo: nyoka, wahenga, wanyama. Aliyeingia ni mwanachama. Mchoro ulikuwa sehemu ya mafunzo, na giza la nyumba lilikuwa sehemu ya mchoro. Hans Cory, mtaalamu wa jamii wa serikali ya kikoloni aliyekuwa anaishi hapa Mwanza, alisimamia kunakiliwa kwa michoro hiyo, na nakala zikachapishwa London mwaka 1953. Kuta zilikuwa za udongo, nakala zimebaki. Namshukuru, kwa sababu bila yeye nisingejua mababu walikuwa mafundi kiasi gani. Lakini kila ninapoona kipindi kinazirusha nakala zile zikiwa zinazunguka, zinakua, zinatoa cheche za kompyuta, najiuliza kama kuna yeyote aliyewauliza Bayeye waliopo. Wapo. Wengine mtawakuta hukohuko Bujora mwezi wa Juni.

Nisieleweke vibaya, televisheni imetupa vingi. Mji huu si mgeni kwenye utangazaji. Radio Free Africa na Star TV zilianzia hapa na zikasikika na kuonekana nchi nzima, na chuo cha Mtakatifu Augustino pale Malimbe kimetoa waandishi wasiohesabika. Kuna sanaa nzima iliyozaliwa na matangazo. Nendeni Igoma, Mabatini au Igogo asubuhi ya siku ya mechi, mtazame mbao zilizoegeshwa nje ya vibanda umiza. Ubao mweusi, chaki za rangi, nembo ya Arsenal upande huu na ya Chelsea upande huu, saa, kiingilio, na mara nyingine uso wa mshambuliaji uliochorwa kwa dakika tano na kijana ambaye hajawahi kukanyaga darasa la sanaa. Kesho yake unafutwa. Uso ule kauchukua kwenye televisheni, na ukiuangalia vizuri utaona amechora hata mwanga wa uwanja unavyopiga shavu kutoka pande nne. Saluni za Buzuruga zina nyuso za wasanii wa bongo fleva zenye kivuli cha studio. Pale Mwaloni, chombo kinachokwenda kuvua dagaa Ukerewe kinabeba nembo ya Manchester United ubavuni, na mwenye chombo atakudai uirekebishe kama ngao imekosea rangi, kwa sababu anaiona kila wiki kwenye kioo. Mimi nimekula kwa nembo hizo. Mkono wangu umenyooka kwa nembo hizo.

Kilichonikera, na nikitaje tu kipite, ni kazi zetu kugeuzwa mapambo. Mitumbwi niliyoipaka imewahi kukaa kwenye utangulizi wa kipindi fulani, sitaji cha nani, ikipita nyuma ya maandishi kila jioni kwa muda mrefu. Jina la mpiga picha lilikuwapo mwishoni, la dereva lilikuwapo. Nilipouliza nikaambiwa mtumbwi ni mtumbwi. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mchoraji na mchongaji kama inavyomlinda mtunzi wa wimbo. Wanamuziki mwaka 2022 walianza kugawiwa mirabaha ya nyimbo zao kupigwa redioni na kwenye televisheni. Mimi sijakutana na mchoraji hata mmoja aliyepata mirabaha kwa mchoro wake kukaa nyuma ya mtangazaji. Najua kuhesabu mchoro ni kazi ngumu kuliko kuhesabu wimbo. Anzeni na jina. Jina halina gharama.

Nchi nyingine walipita njia hii mapema, na baadhi ya vituo vyao vilikuwa na ujasiri ambao ningependa uazimwe. Mwezi wa Aprili 1969 kituo cha Berlin Magharibi kilimpa mtengeneza filamu Gerry Schum nafasi ya kurusha kazi ambazo wasanii walizitengeneza porini, pwani na jangwani kwa ajili ya kamera, bila msimulizi wa kueleza mtazamaji aone nini. Hapakuwa na ukumbi wa maonyesho wa kwenda kuzitazama. Matangazo yenyewe ndiyo yalikuwa ukumbi. Mwaka uliofuata alikwenda na mfululizo mwingine kwenye kituo kingine, nacho kikadai maelezo yawekwe. Hofu ya ukimya ni ugonjwa wa vituo vya dunia nzima. Na mwishoni mwa Desemba 1969, kituo cha WDR cha Ujerumani hukohuko kilirusha kazi ya Mholanzi Jan Dibbets: usiku, matangazo yakiisha, kioo kilionyesha moto ukiwaka, kwa dakika chache, kwa muda wa wiki nzima. Hapakuwa na maelezo. Seti ya televisheni ikawa mahali pa kuota moto, na waliokuwa sebuleni wakawa watu waliouzunguka.

Mimi ni Msukuma, nimekulia kwenye shikome, ule moto wa jioni wa kuota na kuwasikiliza wazee, sikuhitaji kuelezwa alichokuwa anakitafuta mtu yule.

Kwa hiyo, pamoja na lile ombi kuu, naomba dakika tatu. Usiku, kabla ya taarifa ya mwisho ya habari au baada yake, kamera moja iwekwe juu ya mwamba Kirumba au Capri Point, ielekezwe ziwani usiku usio na mbalamwezi, wavuvi wa dagaa wakiwa wamewasha taa zao. Kamera isisogee. Muziki usiwekwe. Kiufundi haina gharama kubwa: giza halibadiliki, taa ni nukta za mwangaza, na mwangaza ndio mnaoupeleka wote, hata mtambo wenye mabaki ya nafasi utaweza. Mwacheni kijana mmoja wa hapa aamue fremu ianzie wapi na iishie wapi. Mkiona wafadhili wanalalamika, waambieni ni majaribio.

Pale vyuoni, mwanafunzi wa utangazaji apitishwe walau kwa muda mfupi kwa mchoraji na mchongaji, aende na kamera yake, apige kazi ileile kwa taa tatu tofauti, kisha waketi pamoja kuangalia kwenye TV ya kawaida ya mtaani, si kwenye kioo cha bei mbaya cha chumba cha kuhariri. Mchoraji naye atajifunza. Nimejifunza nikiwa nimechelewa kwamba nikiongeza mwangaza wa herufi na kukoza mandhari yake, jina la chombo linafika salama hewani na mchangani halipungui kitu. Lingekuwa jambo la nusu saa kama mtu angenieleza. Na vijana wanaorusha kazi zao mubashara kwa simu, fremu imesimama wima, bando likikata kila baada ya dakika mbili, nao wanahitaji maarifa hayohayo. Msiwaone kama washindani wenu. Wamekwisha kuwazidi katika jambo moja: wanaacha mkono unaochora uonekane tangu rangi ya kwanza mpaka ya mwisho, na watu wanakaa kutazama.

Kuhusu Bulabo nina pendekezo ambalo nimewashirikisha wacheza ngoma wa pande zote mbili, na kwa mara moja hawakubishana. Leteni kamera mbili zinazolingana, moja kwa Bagika, moja kwa Bagalu, na ya tatu juu, ionyeshe watu wanavyohama. Kioo kigawanywe katikati kwa muda wote wa mashindano. Mtazamaji wa nyumbani apige kura kwa simu, kama anavyowapigia washiriki wa mashindano ya kuimba, na aruhusiwe kubadili kura yake kila anapotaka mpaka ngoma inyamaze, maana uwanjani hakuna aliyezuiwa kuvuka mara ya pili. Matokeo ya nyumbani yasichanganywe na ya uwanjani. Yatangazwe kando, tuone kama macho ya kwenye kioo na miguu ya pale Kisesa vinakubaliana.

Sehemu za kusimamisha kamera ninazijua, na jua linakopiga saa nane mchana ninakujua. Nauli ya daladala hadi Kisesa nitajilipia mwenyewe. Posho ya siku mtanikadiria.

Wenu katika kazi,

Mchoraji wa mitumbwi na mabango,
Kirumba, Mwanza